HATA HUDHUD ALISIKILIZWA: Historia fupi ya haki ya mfanyabiashara kujitetea kabla ya kunyang'anywa leseni

Bismillahir Rahmanir Rahim.

Sifa njema zote ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (S.A.W), jamaa zake na maswahaba zake.

Darsa ya leo ni ndefu kidogo. Aliyeko kwenye daladala aihifadhi, aimalizie nyumbani kwa utulivu. Inahusu riziki za watu, na riziki ya mtu si jambo la kupitia juu juu.

Juma lililopita, baada ya swala ya Isha, kijana mmoja wa huku kwetu pembezoni mwa Temeke alinisubiri kwenye viatu mpaka watu wakaisha. Ana duka la nafaka na mafuta ya kula. Asubuhi ya siku ile alikuta mlango umebandikwa karatasi kwamba leseni yake imefutwa kutokana na malalamiko. Malalamiko gani? Ya nani? Ya lini? Karatasi haikusema. Akaniambia: "Shekhe, mimi sidai kwamba sina kosa. Labda lipo. Lakini hakuna mtu aliyeniuliza. Hili katika dini yetu limekaaje?"

Nilimjibu kwa ufupi pale pale, nikamwahidi nitaandika. Nilipofika nyumbani usingizi ukakataa, kwa sababu ambayo nitaieleza mbele. Kwanza tuanze na historia yenyewe.

1. KESI YA KWANZA

Kesi ya kwanza ya mwanadamu haikusikilizwa Kisutu wala Ilala. Ilikuwa peponi. Nabii Adam (A.S) na mkewe walipokula mti waliokatazwa, Mola wao aliwaita. Sura ya Al-A'raf, aya ya 22 na 23, inatueleza kwamba aliwauliza kama hakuwakataza mti ule na kuwatahadharisha na shetani. Wakajibu kwa kukiri na kuomba msamaha. Hukumu ikaja baada ya hapo.

Sasa jiulize, Mwenyezi Mungu alikuwa hajui? Anajua lililo vifuani kabla halijatoka mdomoni. Hakuhitaji maelezo ya Adam. Lakini aliuliza, na akampa nafasi ya kusema.

Rudi nyuma kidogo, aya ya 12 ya sura hiyo hiyo. Iblis alipokataa kusujudu, naye aliulizwa kilichomzuia. Akajibu kwa kiburi chake, kwamba yeye ni wa moto na Adam ni wa udongo. Jibu lile lilikuwa baya na halikumsaidia kitu, lakini aliachwa alitoe. Ikiwa Iblis aliulizwa, muuza unga wa Mbagala asiulizwe kwa lipi?

Na katika sura ya Al-Israa, aya ya 15, tunafundishwa kwamba Mwenyezi Mungu haadhibu watu mpaka apeleke mtume. Maana yake, onyo linatangulia adhabu. Hata Siku ya Kiyama, kwa mujibu wa sura ya An-Nahl aya ya 111, kila nafsi itakuja ikijitetea.

2. HUDHUD NA MFALME

Kisa kinacholingana kabisa na swali la yule kijana kipo katika sura ya An-Naml, kuanzia aya ya 20. Nabii Sulaiman (A.S) alikagua ndege wake akamkosa hudhud. Akakasirika, akatishia adhabu kali, hata kumchinja. Lakini akaweka sharti: isipokuwa akileta hoja iliyo wazi.

Hudhud akaja. Ndege mdogo mbele ya mfalme ambaye majini na upepo vilikuwa chini ya amri yake, akasema kwamba amejua jambo ambalo mfalme hakulijua. Akaeleza habari za Saba, malkia wake, na watu wake wanaolisujudia jua. Nabii Sulaiman hakumwambia nyamaza. Wala hakumwamini hivi hivi. Alisema atachunguza kama amesema kweli au ni mwongo, kisha akampa barua aipeleke.

Tazameni hatua zake. Kosa lilijulikana: kutokuwepo kwenye ukaguzi. Adhabu ilitajwa mapema. Mtuhumiwa akapewa nafasi ya kujieleza, na maelezo yake yakachunguzwa. Faida iliyopatikana ikaenda kwa mfalme na kwa watu wa Saba kuliko hata kwa hudhud mwenyewe. Angechinjwa siku ile, habari ya Saba ingekufa pamoja naye.

3. NABII DAUD, SAYYIDNA ALI NA BARUA YA HATIB

Katika sura ya Sad tunasoma habari ya wagomvi wawili waliomwingilia Nabii Daud (A.S). Mmoja akalalamika kwamba mwenzake mwenye kondoo majike tisini na tisa anataka na huyu mmoja wake. Nabii Daud akatoa kauli, kisha akatambua kwamba ulikuwa mtihani, akaomba msamaha. Wanachuoni wametofautiana kuhusu mtihani wenyewe, na wapo waliosema ni kutamka hukumu kabla ya kumsikia wa pili.

Mtume wetu (S.A.W) alipompeleka Sayyidna Ali (R.A) kuwa kadhi Yemen, naye akiwa kijana, alimuusia kwamba wakikaa mbele yake wagomvi wawili asihukumu mpaka amsikie wa pili kama alivyomsikia wa kwanza. Hadithi hii wameipokea Abu Daud na Tirmidhi.

Mtu anaweza kusema, "Shekhe, hayo ni pale ambapo ushahidi haujulikani. Sisi tuna ushahidi mkononi." Basi sikiliza habari ya Hatib bin Abi Balta'a (R.A). Kabla ya ufunguzi wa Makka aliwaandikia Makureshi kuwatahadharisha. Mtume (S.A.W) akawatuma maswahaba, barua ikakamatwa njiani kwa mwanamke aliyeibeba. Ushahidi gani tena unatakiwa? Sayyidna Umar (R.A) akaomba ruhusa amkate shingo. Lakini Mtume (S.A.W) alimwita Hatib na kumuuliza kilichompelekea kufanya vile. Hatib akaeleza kwamba hakukufuru, ila ana familia Makka isiyokuwa na wa kuilinda. Mtume akasema amesema kweli, tena akakumbusha kwamba Hatib ni mtu wa Badr.

Kwa hiyo ushahidi kuwa mkononi hakuondoi haki ya kusikilizwa. Barua ilieleza alichofanya Hatib. Sababu yake aliijua mwenyewe, na hadhi yake ya Badr ilihitaji mtu wa kuikumbusha.

4. NJIA YA WAINGEREZA

Sheria za nchi yetu zimerithi mengi kutoka kwa Waingereza, kwa hiyo tuangalie na wao walipitia wapi.

Alikuwepo msomi mkubwa Chuo Kikuu cha Cambridge, Richard Bentley. Mwaka 1718 chuo kilimvua shahada zake bila kumwita ajitetee. Shauri likafika mahakamani, na mwaka 1723 mahakama ikaamuru arudishiwe. Jaji mmoja katika kesi ile alitoa hoja ambayo wewe umeisoma hapo juu: kwamba hata Mungu hakumhukumu Adam kabla ya kumwita ajitetee. Mzungu wa London, karne tatu zilizopita, hoja yake ni kisa cha Adam.

Lakini ilipofika kwenye leseni ya biashara, mambo yakapinda. Baada ya Vita Kuu ya Pili, kisiwa cha Ceylon, ambacho leo ni Sri Lanka, kilikuwa na mgao wa nguo kwa kuponi. Mfanyabiashara wa nguo aitwaye Nakkuda Ali alifutiwa leseni na msimamizi wa nguo, akituhumiwa kwamba hesabu za kuponi zilizopelekwa benki zimechezewa. Shauri likapanda mpaka Baraza la Mfalme la London, ambalo enzi hizo ndilo lilikuwa mahakama ya mwisho hata kwa rufaa za Tanganyika. Hukumu yake, iliyochapishwa katika ripoti za mwaka 1951, ilisema kwamba ofisa anayefuta leseni hafanyi kazi ya hakimu. Anaondoa tu hisani aliyoitoa, kwa hiyo halazimiki kufuata utaratibu wa kusikiliza kama mahakama. Tuseme ukweli wote: wale majaji waliongeza kwamba Nakkuda Ali alikuwa amepewa nafasi ya kujieleza hata hivyo. Lakini neno lililobaki ni lile la kwanza: leseni ni hisani.

Mwaka 1963, katika kesi ya mkuu wa polisi wa mji wa Brighton aliyefukuzwa kazi bila kusikilizwa, mahakama ya juu ya Uingereza ilirudi kwenye msingi wa zamani, na msimamo wa kesi ya Nakkuda Ali ukakosolewa.

Sisi tuna kanuni ya fiqhi kwamba asili ya vitu na miamala ni uhalali mpaka ije dalili ya kukataza. Biashara ni halali kwa idhini ya Mwenyezi Mungu. Mamlaka inaweka utaratibu kwa maslahi ya watu: usafi, vipimo, kodi, usalama. Hilo ni sawa na tunalitii. Lakini ofisa anayetoa leseni hatoi riziki. Amepewa amana ya kusimamia, na amana ina maswali yake.

5. HUKU KWETU

Historia ya leseni na wafanyabiashara wa nchi hii ni ndefu. Mwaka 1923 utawala wa Kiingereza ulileta sheria mpya za leseni, za wachuuzi na za kodi ya faida. Wafanyabiashara wa Kihindi walifunga maduka kwa wiki kadhaa kupinga. Kodi ile ya faida baadaye iliondolewa.

Baada ya uhuru tukatunga Sheria ya Leseni za Biashara ya mwaka 1972. Mwaka 1976 ikaja Operesheni Maduka. Maduka ya watu binafsi yalifungwa, hasa vijijini, ili nafasi zao zichukuliwe na maduka ya ujamaa. Nia ilikuwa kuwaondolea wananchi unyonyaji. Lakini aliyefungiwa hakuulizwa kama yeye ananyonya, na duka la kijiji halikuwa tayari. Bidhaa zikaadimika, operesheni ikabidi isimamishwe.

Kisha ukaja mwaka 1983. Wazee wenzangu mnakumbuka. Mimi nilikuwa mtoto wa madrasa. Waziri Mkuu Edward Sokoine, Mwenyezi Mungu anajua nia yake, alianzisha vita dhidi ya wahujumu uchumi. Na ulanguzi ulikuwepo, tusidanganyane. Sukari ilifichwa, sabuni ilifichwa, na Mtume (S.A.W) amemkemea mwenye kuficha bidhaa ili zipande bei. Lakini sheria iliyotungwa mwaka ule ilirudi nyuma kushika mambo yaliyofanyika kabla haijatungwa. Iliunda chombo maalumu cha kusikiliza kesi hizo. Mtuhumiwa hakuruhusiwa dhamana wala wakili, na hakuwa na rufaa kwenye mahakama za kawaida. Watu wakajawa na hofu, wengine wakatupa bidhaa usiku. Mwenye magunia ya magendo na mwenye katoni mbili za sabuni za dukani, wote walilala macho.

Sheria ile haikudumu. Mwaka 1984 ilibadilishwa kwa sheria nyingine iliyorudisha mashauri ya aina hiyo kwa Mahakama Kuu. Na mwaka huo huo wa 1984 Katiba yetu ikafanyiwa marekebisho, haki za msingi zikaingizwa. Mahakama zilianza kuzisimamia mwezi Machi 1988.

Humo ndimo ilimo ibara ya 13, ibara ndogo ya 6, kifungu (a). Kila ndugu mwenye biashara aijue. Maana yake ni kwamba haki na wajibu wa mtu unapoamuliwa na mahakama au na chombo kingine chochote, mtu huyo ana haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na ana haki ya kukata rufaa au kutafuta nafuu nyingine ya kisheria. Zingatia maneno "chombo kingine". Haikuishia mahakamani. Ofisi inayofuta leseni nayo inaamua juu ya haki ya mtu.

Mahakama ya Rufani, katika kesi ya Mbeya-Rukwa Autoparts iliyomo kwenye ripoti za sheria za mwaka 2003, ilisema kwamba kusikilizwa si kanuni tu iliyotoka Uingereza, sasa ni haki ya kikatiba. Na katika shauri jingine la mwaka 2002 mahakama hiyo ilikwenda mbali zaidi: uamuzi uliotolewa bila kumsikiliza mtu utabatilishwa hata kama angesikilizwa na uamuzi ungekuwa ule ule. Subhanallah. Hayo ni yale yale ya Iblis. Jibu lake lisingebadilisha hukumu, lakini aliulizwa.

Pamoja na hayo, kuandikwa ni jambo moja na kutendwa ni jingine. Novemba 2018 Arusha, kisha mwanzoni mwa 2019 hapa Dar es Salaam, Benki Kuu ilikagua maduka ya kubadilishia fedha kwa ghafla, askari wakiwepo, na mengi yakafungwa. Serikali ilitaja utakatishaji fedha na kutofuata masharti. Mimi si hakimu wa jambo lile. Nasema tu kwamba mwenye hatia na asiye na hatia wanatofautishwa kwa kusikilizwa mmoja mmoja. Na tarehe 15 Mei 2023 wafanyabiashara wa Kariakoo walifunga maduka wakilalamikia kamatakamata na utaratibu wa kodi. Siku hizo hizo Waziri Mkuu Kassim Majaliwa akakutana nao viwanja vya Mnazi Mmoja, wakashika kipaza sauti mmoja baada ya mwingine, wakasema. Kwa nini ifike mpaka soko zima lifungwe ndipo watu waulizwe?

6. NA MIMI NILIFANYA

Sasa nieleze kwa nini usingizi ulikataa.

Miaka mingi iliyopita, katika msikiti niliokuwa nikiswalisha, tulikuwa na vibanda vinne ukutani tulivyokodisha. Kimoja alikaa kijana muuza kofia, kanzu na manukato. Ikaja habari kwamba usiku kibanda kile kinauza bangi. Kamati ikakaa baada ya Alasiri. Hakuna aliyeona kwa macho yake. Kila mmoja alisikia kwa mwenzake. Na mimi imamu wao, niliyesomesha sura ya Al-Hujurat aya ya 6 inayotuamrisha kuchunguza habari, nikasema: "Nyumba ya Mwenyezi Mungu isichafuliwe. Aondoke."

Alipewa siku moja. Akaja kwangu, akasimama, akasema: "Shekhe, nimekosa nini?" Nikamjibu: "Unajua mwenyewe."

Ndugu zangu, neno hilo, "unajua mwenyewe", ni baya sana mdomoni mwa mwenye madaraka. Linamwachia mtuhumiwa kazi ya kutafuta kosa lake, na linamfunga asijitetee.

Miezi michache baadaye aliyekuwa akiuza akakamatwa. Alikuwa mtu mwingine, akitumia uchochoro wa nyuma ya kibanda kile. Tulimtafuta yule kijana, tukaambiwa mtaji umekata na amerudi kwao kusini. Nikapata namba yake, nikampigia, nikamwomba radhi. Akanyamaza, kisha akasema: "Nimekusamehe, Shekhe. Lakini ungeniuliza ningekuonyesha mtu mwenyewe. Mimi nilikuwa namjua."

Nilikuwa nimesoma kisa cha hudhud mara nyingi kabla ya siku ile. Aliyesimama mbele yangu alijua nisilolijua, nami sikumruhusu aseme.

7. TUFANYE NINI

Wewe uliyepewa madaraka, iwe halmashauri, sokoni, kwenye kamati ya msikiti au uongozi wa stendi ya bodaboda: mwambie mtu kosa lake kwa maandishi, kwa namna anayoweza kuijibu. Mpe siku za kujiandaa. Msikilize kabla hujaamua, na usiwe wewe mlalamikaji na wewe mwamuzi. Ukiamua, mpe sababu na umwonyeshe pa kukatia rufaa. Kama kuna hatari ya haraka, mfano chakula chenye sumu, funga kwa muda kuzuia madhara, halafu msikilize upesi. Kufunga kwa muda ni tofauti na kumfutia mtu riziki yake.

Wewe mfanyabiashara: haki hii si kinga ya uovu. Mizani yako iwe sawa, leseni yako iwe hai, risiti zako uzitunze. Ukipewa notisi usiitupe, ijibu kwa maandishi na ubaki na nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Ukifutiwa bila kusikilizwa, omba sababu kwa maandishi, kata rufaa panapohusika, na umwone mwanasheria mapema. Kuomba Mahakama Kuu ipitie uamuzi wa ofisi kuna muda wake, ni miezi sita, na wengi wanaupoteza wakizunguka kwa watu. Wala usikimbilie rushwa. Ukiinunua haki yako leo, kesho aliyekuuzia atamuuzia mshindani wako.

Na sisi sote kwenye makundi ya simu, tunaosambaza picha ya duka la mtu tukiandika "tapeli huyu": wewe ulimsikiliza?

Yule kijana wa nafaka nimemsaidia kuandika barua yake, na mwanasheria mmoja wa jamaa yetu ameipitia. Ameomba mambo mawili tu: aambiwe kosa lake, na apewe siku ya kujibu. Muombeeni. Na kama kosa analo, Mwenyezi Mungu amjaalie alikubali kama Adam (A.S) alivyolikubali lake.

Ewe Mola wetu, tusamehe tuliowahukumu bila kuwasikiliza, na utujaalie kuwakuta tuwaombe radhi kabla ya siku ambayo radhi haitaombwa kwa simu. Wape viongozi wetu masikio ya Sulaiman. Zibariki riziki za halali za ndugu zetu. Aamin.

Wabillahi tawfiq.

Wassalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh.